Nani Alimpa Mtoto Bunduki? Filamu za Vijana Wanaouana na Watoto Wetu wa Kando ya Ziwa

Bismillahir Rahmanir Rahim



Tumeona tuandike juu ya swali ambalo hurudi kila shule zinapofungwa. Watoto wakipata nafasi hukaa na simu, au huenda kwenye vibanda vya video, na wengi wao siku hizi wanapenda filamu za aina moja. Ni zile za dunia iliyoharibika, serikali ni katili, miji imekuwa magofu, na vijana wa miaka 12 au 16 wanawindana na kuuana mpaka abaki mmoja. Wazazi wanatuuliza: tuzifute? Tuwapige marufuku? Tuwanyang'anye simu?

Katika misikiti mingi jibu huwa ni fupi, kwamba hizo ni filamu za makafiri, zinafundisha kuua, basi. Hatuwalaumu wanaojibu hivyo, maana nia yao ni njema na mtoto wa miaka 8 kweli hana la kutafuta humo. Lakini sisi tunaona kuna jambo kubwa zaidi ya damu inayoonekana kwenye kioo, na jambo hilo linatuhusu sana watu wa Kabonga, Nyanza-Lac, Rumonge na ufuko huu wote. Nalo ni hili: kila filamu ya aina hii inamwambia mtoto NANI alianzisha mauaji. Nyingine zinasema kweli, na nyingine zinasema uongo.

Tuanze na uongo. Mwaka 1954 Mwingereza mmoja, William Golding, alitoa riwaya iitwayo Lord of the Flies. Wavulana wa shule wanaanguka na ndege katika kisiwa kisicho na watu wazima. Mwanzoni wanachagua kiongozi na kupanga kazi, lakini muda si mrefu wanajipaka rangi usoni, wanawinda, na mwisho wanauana wao kwa wao. Riwaya hii imesomeshwa katika shule nyingi za dunia na imetengenezwa filamu zaidi ya mara moja. Hadithi nyingi za vijana zilizokuja baadaye zimekopa humo. Funzo lake ni kwamba ukimwondoa mtu mzima, mtoto anageuka mnyama. Ujana wenyewe ndio ugonjwa.

Sasa tazameni lililotokea kweli. Mwezi wa Juni 1965 wavulana 6 wa shule ya bweni huko Tonga, katika bahari ya Pasifiki, walichukua mashua ya watu bila ruhusa wakaenda baharini. Dhoruba ikawavunjia tanga na usukani, wakaelea siku kadhaa mpaka wakafika kisiwa cha 'Ata ambacho hakikuwa na mtu. Wakakaa hapo zaidi ya mwaka, hadi Septemba 1966 nahodha wa Australia, Peter Warner, alipowakuta. Walikuwa hai wote 6. Waliwasha moto wakaulinda usizimike, walilima bustani, walipangiana zamu. Mmoja alivunjika mguu, wenzake wakamfunga ukapona. Wavuvi wetu wanaojua maana ya kupotea ziwani usiku wataelewa haraka kuliko maprofesa. Watoto wakiwa peke yao katika shida walishikana.

Hatusemi kwamba watoto ni malaika. Hata nduguze Yusuf (a.s.) walimtupa kisimani kwa wivu, na hao walikuwa watoto wa Nabii. Lakini kutoka kwenye wivu wa ndugu mpaka vijana elfu moja wenye mapanga na bunduki ni safari ndefu, na katika safari hiyo daima kuna mtu mzima anayelipa nauli.

Sisi wa ufuko huu tunalijua hilo bila kusoma riwaya. Tarehe 29 Aprili 1972 mashambulizi yalianza hapa hapa kando ya ziwa, Rumonge, Nyanza-Lac na vijiji vya katikati. Wengi wa walioshika mapanga walikuwa vijana. Walipewa bangi, wakaambiwa kwamba kwa dawa walizopakwa risasi zitageuka maji. Nani aliwaambia? Watoto hawakubuni dawa hiyo. Waliua majirani zao Watutsi, wake kwa waume. Kisha jeshi na serikali ya wakati ule wakajibu kwa kuwaua Wahutu nchi nzima kwa miezi, walimu, wafanyakazi, wanafunzi waliotolewa madarasani na kupakiwa malori. Makadirio ya waliouawa yanaanzia watu 100,000 na kupanda hadi 300,000. Katika ukamataji huo nako kulikuwa na vijana, wale wa tawi la chama lililoitwa JRR, nao walikuwa na orodha mikononi. Orodha huandikwa na watu wazima, ofisini, kwa kalamu.

Miaka ya 1990 mambo yakarudi. Baada ya kuuawa Rais Melchior Ndadaye tarehe 21 Oktoba 1993, Bujumbura ilikuwa na magenge ya vijana kila upande, wa Kitutsi wakiitwa Sans Échec, na wa Kihutu nao wakiwa na yao. Waliogawa pesa na silaha walikuwa wanasiasa waliokuwa wamevaa suti. Baada ya mikataba ya amani, zaidi ya watoto 3,000 walitolewa katika jeshi, katika makundi ya waasi na katika wanamgambo wakarudishwa makwao. Katiba iliyopitishwa mwaka 2005 ikaandika wazi kwamba mtoto asitumiwe moja kwa moja vitani. Mtu haandiki katazo la jambo ambalo halijatokea.

Na ng'ambo ya ziwa, milima ile tunayoiona kila asubuhi yenye jua, ndiko lilikovuma neno ambalo dunia nzima imelichukua kwa Kiswahili: kadogo. Mwaka 1996 na 1997 jeshi la AFDL la Laurent-Désiré Kabila lilipotoka Kivu kwenda hadi Kinshasa lilikuwa na maelfu ya watoto wenye bunduki ndefu kuliko wao. Kadogo ni neno la upole, la kumwita mtoto wa nyumbani umtume chumvi dukani. Ndilo walilopewa wauaji wadogo na wakubwa waliowatuma.

Kwa hiyo mtoto wetu akitazama filamu inayomfundisha kwamba vijana huuana kwa sababu watu wazima HAWAPO, amefundishwa kinyume kabisa cha yaliyotokea nyumbani kwake. Huku kwetu vijana waliua kwa sababu watu wazima walikuwepo.

Hapa ndipo tunapotofautiana na wanaozitia filamu hizi zote kapu moja. The Hunger Games, ambayo labda ndiyo maarufu kuliko zote, haisemi uongo ule. Ni riwaya ya Mmarekani Suzanne Collins ya mwaka 2008, na filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 2012. Kuna nchi ya kubuni yenye mji mkuu tajiri na wilaya 12 maskini. Kila mwaka kila wilaya inatoa mvulana na msichana mmoja wa miaka 12 hadi 18 kwa kura, jumla 24, wanapelekwa msituni wauane hadi abaki mmoja, na nchi nzima inalazimishwa kutazama kwenye televisheni. Mwandishi hamlaumu mtoto aliyeshika upinde. Anamlaumu rais, watayarishaji wa mchezo, na mtazamaji aliyekaa kwenye kiti akifurahia. Battle Royale ya Wajapani (riwaya 1999, filamu 2000) ni kali zaidi na hatumshauri mzazi yeyote kuiweka mbele ya mtoto, lakini nayo inaonyesha darasa zima likilazimishwa na sheria ya serikali.

Filamu ya The Hunger Games ilianza kuonyeshwa Marekani tarehe 23 Machi 2012. Siku 9 kabla yake, tarehe 14 Machi 2012, Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ilitoa hukumu yake ya kwanza kabisa tangu ianzishwe. Aliyekutwa na hatia ni Mkongo, Thomas Lubanga, na kosa lake lilikuwa kuandikisha na kutumia vitani watoto wa chini ya miaka 15 huko Ituri mwaka 2002 na 2003. Alipewa miaka 14. Mamilioni walilipa kiingilio kwenda kuona watoto wa kubuni wakilazimishwa kuuana, na mwezi huo huo habari ya watoto wa kweli ikapita katika redio dakika mbili, basi.

Tukirudi kwenye dini yetu, mtaona kwamba jambo hili halikusubiri mahakama ya Uholanzi. Imepokewa katika Bukhari na Muslim kwamba Abdullah bin Umar (r.a.) alijitokeza siku ya vita vya Uhud akiwa na miaka 14, na Mtume (s.a.w.) hakumruhusu. Siku ya Khandaq, akiwa na miaka 15, alimruhusu. Baadaye Khalifa Umar bin Abdulaziz alipoisikia hadithi hiyo alisema huo ndio mpaka baina ya mdogo na mkubwa. Angalieni hali ilivyokuwa. Waislamu walikuwa wachache Uhud, adui alikuwa mara kadhaa zaidi yao, na mtoto mwenyewe alitaka kwenda. Bado alirudishwa. Mkataba wa Roma wa mwaka 1998 umeweka mpaka ule ule wa miaka 15, na Mkataba wa Afrika wa Haki za Mtoto wa mwaka 1990 umepandisha hadi 18, na sisi tunasema kheri. Basi yule kamanda wa msituni anayejiita mkombozi na kubeba watoto wa miaka 11, awe Mwislamu au Mkristo, amefanya jambo ambalo Mtume (s.a.w.) alikataa kulifanya hata siku ngumu kama ile.

Tumetaja filamu inayosema kweli, lakini lazima tuseme pia inafikaje kwetu. Vijana wengi hapa hawazioni filamu hizi kama zilivyotengenezwa. Wanaziona zikiwa zimetafsiriwa, kwa Kiswahili cha Tanzania au Kenya, au kwa Kinyarwanda na Kirundi, zile ziitwazo agasobanuye. Kazi hii ina mafundi wake, kama Lufufu wa Tanzania aliyewatangulia wengi na DJ Afro wa Kenya, nasi hatudharau ufundi wao; wamewafungulia sinema watu wasiojua Kiingereza. Lakini mtafsiri wa aina hii halengi kutafsiri tu. Anachekesha, anampa kila mtu jina la mtaani, anashangilia kipigo. Mtoto anachomwa mkuki na kibanda kizima kinacheka. Filamu iliyotengenezwa ili kumshtaki mtazamaji anayefurahia damu ya watoto, sasa imempa mtazamaji huyo kipaza sauti! Mzazi anayemuuliza mwanawe "umeona nini?" na kujibiwa "vita, mama, ilikuwa kali" asishangae. Ndicho alichosikia.

Wapo watakaosema, basi si mmekubali kwamba zinaharibu? Jibu letu ni kwamba zinaweza kumzoesha mtoto, na hilo ni baya. Stanley Kubrick mwenyewe, aliyetengeneza A Clockwork Orange mwaka 1971 juu ya genge la vijana wanaopiga na kunajisi watu usiku, aliiondoa filamu yake katika majumba ya sinema ya Uingereza, na haikurudi mpaka baada ya kifo chake mwaka 1999. Magazeti ya huko yalikuwa yakisema vijana wanaiga. Lakini mwaka 1972 Burundi haikuwa na televisheni. Hakuna kijana wa Rumonge aliyeshika panga kwa sababu ya filamu. Anayetuambia kwamba kufuta filamu kwenye simu kutaleta usalama anatupa dawa ya ugonjwa mwingine.

Na kuna upande wa pili ambao filamu hizi, hata zilizo nzuri, huupunja. Ni upande wa wanaokataa. Katika The Hunger Games vijana wawili wa mwisho wanakataa kuuana, wanachukua matunda ya sumu wafe pamoja, na wakubwa wa mchezo wanaogopa na kuwaacha hai. Ni sehemu nzuri kuliko zote za filamu ile. Ila mtoto atasema, hayo ni ya filamu. Basi mwambieni ya Buta.

Buta iko Bururi, na Rumonge yenyewe ilikuwa sehemu ya uliokuwa mkoa wa Bururi hadi mwaka 2015. Palikuwa na seminari ndogo ya Wakatoliki, shule ya wavulana, Wahutu na Watutsi wakilala bweni moja. Alfajiri ya tarehe 30 Aprili 1997 waasi waliingia bwenini wakawaamuru wajitenge, Wahutu huku na Watutsi kule. Wavulana wakakataa. Wakaamriwa tena, wakakataa. Wakafyatuliwa risasi na kutupiwa mabomu, wakafa 40. Katika hao walikuwepo ambao wangejitenga tu, hatua tatu, wangepona.

Tunajua watakaonung'unika kwamba ukurasa wa Kiislamu unawasifu wanafunzi wa mapadri. Tunawajibu kwa ustaarabu: katika Surat al-Maida, kuanzia aya ya 27, Allah (S.W.) ametusimulia habari ya watoto wawili wa Adam, na aliyesifiwa ni yule aliyekataa kunyoosha mkono wake kumuua nduguye hata alipotishwa. Kisha kutokana na kisa hicho ndiyo ikaja hukumu kwamba anayeua nafsi moja bila haki ni kama ameua watu wote. Wavulana wa Buta walifanya lile la Habil. Na Waislamu wa Buyenzi kule Bujumbura nao wanatajwa hadi leo kwa kuwahifadhi watu wa kila kabila katika vita vile. Mwenye wivu juu ya sifa za Buta na awasimulie watoto wake ya Buyenzi, zote mbili zitawafaa.

Tatizo ni kwamba nyumba nyingi hazisimulii lolote. Mtoto wa miaka 14 anaweza kukutajia majina ya wilaya 12 za nchi isiyokuwepo, na hajui kilichotokea mwaka 1972 kwenye barabara anayopita kwenda shule. Babu yake anajua. Bibi yake anajua nani alikimbilia Kigoma kwa mtumbwi na nani hakufika. Wengine katika watoto hawa walivukishwa mwaka 2015 wakiwa mgongoni mwa mama zao, wakalala Kagunga upande wa Tanzania wakisubiri meli ya Liemba kwenda Kigoma, na hawajawahi kuambiwa walikuwa wanakimbia nini. Wazee hunyamaza kwa sababu wanaogopa kuamsha chuki, na hofu hiyo si ya kupuuzwa. Lakini nafasi wanayoiacha wazi haikai tupu. Inajazwa na mtafsiri wa kibandani, na siku moja inaweza kujazwa na mtu mzima mwenye pesa ya soda na orodha.

Kwa hiyo rai yetu ni hii. Mtoto wa shule ya msingi asizione filamu hizi, na mwenye kibanda anayemwingiza usiku aambiwe na wazazi wenyewe, kwa heshima, na akikaidi aambiwe mkuu wa kilima. Kijana wa miaka 14 au 15 hutaweza kumzuia, atazitazama kwa rafiki. Basi tazama naye, bila mtafsiri ikiwezekana, na ikifika pale pa kuuana simamisha umuulize: nani amempa huyu silaha? Anayefaidika yuko wapi sasa hivi? Yeye watoto wake wako wapi? Halafu muulize kama angekuwa yeye angefanya nini, na usimkemee kwa jibu lake la kwanza.

Vilevile tunapendekeza kwa walimu wa madrasa, hasa wa vijana wakubwa, wafikirie safari moja ya siku moja kwenda Buta. Makaburi 40 yako pale, yamepangwa safu, na barabara inapanda kutoka Rumonge kwenda Bururi. Kuzuru makaburi ili kukumbuka mauti na akhera ni jambo tulilofundishwa, na hakuna anayetakiwa kuingia katika ibada isiyo yake. Wazazi watakaokubali watume majina ya vijana kwa mwalimu wao kabla ya likizo ijayo, ili nauli ijulikane mapema, na mzee mmoja aliyeyaona ya 1972 aombwe kwenda nao, aketi mbele pamoja na dereva na azungumze njiani kwa kadiri atakavyoweza.

Wabillahi tawfiq.